Picha za Kumalizia Filamu

Kaka yangu Seif alizikwa Handeni mwezi uliopita, na hakuna mtu aliyecheka. Watani walikuwepo, niliwaona kwa macho yangu: vijana wa Kinyamwezi, wajukuu wa wale waliokuja kukata mkonge, wamesimama kando ya ua na kanzu zao zilizopigwa pasi, mikono mbele, wanasema "pole mama, pole mama" kama watu waliotumwa na ofisi. Jamani! Sisi Wazigua na Wanyamwezi ni watani tangu enzi za misafara, na mtani haji msibani kusema pole. Mtani anakuja kuharibu. Anatakiwa alale kwenye kitanda cha marehemu adai amekirithi, avae koti lake, aige mwendo wake, aseme afadhali umekwenda maana wali ulikuwa hautubakii, mpaka wafiwa wacheke huku machozi yanawatoka. Hapo ndipo marehemu anakuwa ameagwa na watu wake. Wale vijana walikuwa na adabu, sina la kuwasema, hata simu zao walizizima. Ila adabu yao iliniuma. Nilikaa pale mkekani, bibi mzima mwenye wajukuu, nikajiona mgeni katika kijiji nilichozaliwa, na aliyenijia kichwani hakuwa Seif, Mungu amrehemu. Alikuwa Mzee Maganga wa Korogwe, mwenye studio ya picha. Mimi nilimfanyia jambo lile lile mwaka niliokuwa na miaka ishirini na miwili, na uchungu wake sikuwahi kuuonja mwenyewe mpaka siku ile ya kumzika Seif.

Watu wananijua kwa vitabu vyangu. Nina vitabu sita, na vyote ni hivyo hivyo: kila ukurasa una picha ya mnyama, na chini yake maneno mawili matatu anayosema. Nikienda mashuleni watoto wananiita Bibi Mbuzi, nami naitika, maana nimeitwa mabaya zaidi. Kuna mwalimu mmoja aliniuliza mbele ya darasa nilisomea wapi kazi hii. Nikamwambia nilisomea kumalizia filamu. Alicheka akidhani ni mzaha, kumbe nilikuwa nasema kweli tupu. Zamani mkanda mmoja ulikuwa na picha thelathini na sita, na huwezi kuutoa kwenye kamera ukausafisha nusu. Ndivyo tulivyosema, kusafisha picha, na siku yangu ya kwanza kazini nilipoambiwa nikasafishe mkanda niliuliza sabuni iko wapi. Mzee Maganga alikaa chini. Alicheka mpaka mteja aliyekuwa anapigwa picha ya pasipoti akaghairi, akasema atarudi kesho. Basi mteja akiwa na haraka, na mkanda umebaki picha tano au sita, Mzee alikuwa ananitupia kamera: "Toka nje ukamalizie filamu. Piga chochote, ila usipige Wazigua, wataniharibia lenzi." Nami nilikuwa natoka barabarani, napiga chochote kilichokubali kusimama. Watu walikuwa wanataka kwanza wakachane nywele. Mbuzi hawana mambo hayo.

Studio ilikuwa na vyumba viwili tu, kwenye barabara ya kwenda stesheni. Chumba cha mbele kilikuwa na benchi, kioo, kitana kilichofungwa kwa uzi, na pazia kubwa lililochorwa mji wa Tabora: miembe imejipanga, na reli inapita juu kidogo ya mawingu, kwa sababu mchoraji hakuwahi kufika Tabora na Mzee Maganga naye hakuwahi kufika. Alizaliwa Mnyuzi, kwenye kambi ya mkonge, mtoto wa manamba, na Tabora aliijua kwa masimulizi ya baba yake. Nusu ya Korogwe ilipigwa picha mbele ya mji ule ambao hakuna hata mmoja wetu aliyeuona. Chumba cha nyuma kilikuwa cha giza, na huko ndiko nilikoishi mwaka ule, kama kuishi ni pale moyo unapokaa. Taa nyekundu ilikuwa inawaka kwenye kona. Unaweka karatasi nyeupe ndani ya dawa, unaitikisa sinia taratibu, na kwanza hakuna kitu, halafu panakuja kivuli, halafu pua, halafu macho ya mtu asiyekujua yanapanda kutoka chini ya maji na kukutazama. Sikujua kama nje ni asubuhi au mchana. Nilikuwa nasikia treni, nasikia mwiko ukigonga sufuria upande wa pili wa ukuta, na mara nyingine nilikuwa nasahau kabisa kwamba nina jina. Mpaka leo nikiota, naota rangi ile nyekundu. Harufu ya dawa ilikuwa haitoki mikononi hata ukiosha kwa limau.

Aliyekuwa anagonga sufuria ni Bi Nyamizi, mke wa Mzee. Naye alizaliwa kambini, baba yake Mnyamwezi vile vile. Hawakujaliwa mtoto, na hilo halikuzungumzwa. Saa saba mchana tulikuwa tunakaa uani watu watatu, tunakula bada, ugali wa muhogo mkavu, kwa kisamvu, na Jumapili alikuwa anapika matobolwa, vile viazi vilivyokaushwa na kuchemshwa, ambavyo mimi kama mtani nililazimika kuvitukana kila mara kabla sijaomba kuongezewa. "Shikamoo mtani," namsalimia Mzee. "Marahaba mtumwa wangu," ananijibu, "umekuja kula au umekuja kufanya kazi? Najua, usijibu." Picha za kumalizia filamu hazikuwa na mwenyewe, kwa hiyo nilikuwa nakuja nazo pale uani, na Bi Nyamizi alikuwa anafuta mikono, anazipanga juu ya mkeka kati ya mabakuli. Halafu anaanza kuwasemea. Kulikuwa na beberu amesimama mlangoni pa duka lililofungwa, ametazama mbele bila kupepesa. Bi Nyamizi alimkazia macho muda mrefu, akasema kwa sauti ya mtu aliyechoshwa: "Mwenyewe ametoka. Mimi mwenyewe namngoja tangu juzi." Kisamvu kilinipitia puani.

"Nyamizi, mwache mtoto ale," akasema Mzee. "Wazigua wakicheka wanasahau kutafuna."

Siku moja nilijaribu na mimi. Nilikuwa na picha ya kuku amesimama kwenye mvua, nikasema, "Nimelowa jamani." Bi Nyamizi akanisonya. "Kulowa kila mtu anakuona umelowa. Usimsemee anachofanya. Msemee anachoficha." Akamtazama kuku. "Huyu anasema, 'Sina haja ya kuingia ndani, hata wakinibembeleza.'" Kazi yangu yote ya maisha ni sentensi ile moja, na nilipewa bure nikiwa na tonge mkononi.

Masika ya mwaka ule Bi Nyamizi aliugua homa siku tatu, ya nne akafariki. Nyumba yao ilikuwa hapo hapo nyuma ya studio, mtaa wa Masuguru, na wanawake wa mtaa mzima walijaa uani na kanga zao, mvua inanyesha na kukatika, sufuria za msiba zinafuka moshi jikoni. Watani wa Kizigua walikuwepo wachache, lakini mtani wa nyumba nilikuwa mimi. Ilikuwa haki yangu, tena wajibu wangu, kuanza. Bibi mmoja wa kwetu akanifinya paja: "Inuka mwanangu. Wewe ndiye uliyekula chungu chake." Nikainuka. Maneno nilikuwa nayo, nimeyapanga tangu alfajiri: kwamba Bi Nyamizi amekufa makusudi ili akwepe kunioshea sahani, na sisi hatudanganyiki, aamke. Watu wakanyamaza kunisikiliza, wengine wamekwisha anza kutabasamu. Nikafungua mdomo. Kilichotoka ni kilio. Nililia kwa sauti, kamasi zinanitoka, mpaka nikakaa chini kwenye tope, na wanawake wakaja kunishika. Wazigua wengine walipoona mtani wa nyumba analia, nao wakaona aibu kutania, msiba ukawa kimya mpaka mwisho. Mzee Maganga alikuwa amekaa na wanaume karibu na lango. Aliinua uso akanitazama, kisha akautazama mkeka. Nilidhani ameona jinsi nilivyompenda mke wake. Nilikuwa mjinga, lakini ujinga wa namna ile hauonekani ukiwa na miaka ishirini na miwili.

Baada ya hapo studio ilifunguliwa, ila Mzee hakufanya kazi. Alikuwa anakaa benchi la wateja, mgongo umeielekea Tabora yake, na mimi napiga pasipoti, nasafisha, nakata kwa mkasi. Nikimwambia "shikamoo mtani" alikuwa anajibu "marahaba mwanangu." Mwanangu! Hakuwahi kuniita mwanangu kabla ya hapo, na nilifikiri ni upendo. Asubuhi moja niko ndani ya chumba cha giza, nina karatasi kwenye dawa, siwezi kufungua mlango, nikamsikia Hiza fundi baiskeli amekuja kukaa naye.

"Naondoka, Hiza," Mzee akasema. "Nakwenda kwetu Tabora."

"Kwenu Tabora wapi, bwana wee? Si umezaliwa hapo Mnyuzi."

"Baba alitoka Tabora."

"Una nani kule?"

"Sijui. Nitauliza nikifika."

Nikasikia kiberiti kinawashwa. Halafu Mzee akasema, polepole, kama mtu anayehesabu: "Mke wangu amezikwa kama abiria. Yule binti wa Kizigua anakula kwangu mwaka mzima. Mtani wangu wa nyumbani. Siku ya siku akanililia kama mtu baki, akanionea huruma. Sasa mimi hapa ni nani, Hiza? Mtu ambaye hata mtani wake anamwonea huruma, huyo si wa hapa. Huyo ni mpita njia."

Kwenye sinia kulikuwa na picha ya bibi harusi. Uso wake ulikwisha kutokea, ukaendelea kukolea, ukawa kijivu, ukawa mweusi kabisa mbele yangu, na sikuwa na mikono ya kuutoa. Nilitaka nifungue mlango nikampigie magoti. Lakini ungemwombaje mtani radhi? Watani hawaombani radhi. Kumwomba radhi kungekuwa kumlilia mara ya pili, kumthibitishia kwamba kweli mimi na yeye tumekuwa watu wa adabu. Siku hizi nikiwaambia wajukuu zangu jambo hili wananishangaa, wanasema, "Bibi, si ungesema tu samahani?" Nawaambia samahani ni ya mtu uliyemkanyaga kwenye basi. Mwezi uliopita, kama mmoja wa wale vijana wenye kanzu angenifuata akaniomba samahani, ningemfukuza kwa ufagio. Nilichokitaka ni kutukanwa. Nilitaka mtu aniambie Seif alikuwa mlafi.

Niliomba ruhusa ya siku tatu nikaenda nyumbani Handeni, na kwa mara ya kwanza nilichukua kamera yenye mkanda mpya, picha thelathini na sita zote, hakuna picha ya mteja hata moja ndani yake. Nilianza kupiga tangu stendi. Nilipiga bata wawili, punda aliyesimama katikati ya barabara, kuku mwenye vifaranga anayevuka kwa haraka isiyo na sababu. Siku ya pili nilitembea mpaka kwenye mbuga kavu wanakokaa wafugaji, jua limekaa juu ya nyasi, vumbi la ng'ombe linaelea na kukataa kutua, na kengele zinasikika kutoka pande zote kiasi cha kutojua ng'ombe wenyewe wako wapi. Mama mmoja wa Kimasai alinikuta nimechuchumaa mbele ya ndama wake.

"Unamnunua?" akaniuliza.

"Hapana, yeyo," nikamjibu, maana ndivyo wao wanavyowaita mama zao.

"Anaumwa?"

"Hapana."

"Sasa unamtazama nini?"

Nikamwambia yote, sijui kwa nini, labda kwa kuwa hakunijua: msiba, kilio changu, Tabora. Alinisikiliza huku anasugua meno kwa kijiti. Mwishowe akasema, "Kwa hiyo unatafuta ng'ombe wa kumchekea mtu."

"Ndiyo, yeyo."

"Huyu ndama hafai, ana akili. Mchukue yule mwekundu. Yule kila asubuhi anaondoka kwenda mbali, hata kuaga hataki. Jioni namkuta nyuma ya boma."

Yule ng'ombe mwekundu alikuwa tayari ameanza safari yake. Nikamfuata. Alipofika kama hatua hamsini alisimama, akageuza shingo, akatutazama sisi wawili kwa jicho moja, na nikabonyeza. Yeyo alicheka kabla hata picha haijasafishwa. Nilijua nimeipata.

Nje ya studio, pembeni ya mlango, kulikuwa na ubao wenye kioo ambamo tulikuwa tunaweka picha nzuri za kuvutia wateja: maharusi, askari, watoto wa Idi. Jumatatu alfajiri niliwatoa maharusi wote, nikaweka wanyama, na chini ya kila mmoja nikaandika kwa kalamu ya wino. Juu kabisa niliandika: MNYAMWEZI ANARUDI KWAO. Punda wa katikati ya barabara alisema, "Nimesimama hapa ili Tabora ikipita niidandie." Bata wawili: "Twende." "Wapi?" "Usinitie aibu mbele za watu, wewe twende." Mbuzi aliyeingiza kichwa chote kwenye sufuria: "Naaga majirani, nimeanzia jikoni." Na yule mwekundu, shingo imegeuka, nilimpa nafasi ya katikati: "Nimekwisha ondoka. Mbona bado mnaniona?" Kufika saa mbili kulikuwa na watu wa sokoni, wanafunzi, makuli wa stesheni, wanasukumana kwenye kioo na kusomeana kwa sauti. Hiza alikuwa ameshika tumbo. Mimi nilijibanza ndani nyuma ya mlango, kwa sababu mke wa mtu alikuwa hajamaliza hata siku arobaini kaburini.

Mzee Maganga alipofika watu walimpisha. Alisoma picha moja moja, mikono nyuma, uso hauna kitu. Alirudia ng'ombe. Halafu aliingia ndani, akapita mbele yangu, akachukua kamera, akatoka. Baadaye nikasikia amejifungia kwenye chumba cha giza, mara ya kwanza tangu msiba. Alasiri akatoka na picha bado mbichi, akaibandika pembeni ya zangu. Alikuwa mbwa wa pale buchani, amelala chali katikati ya njia, miguu minne juu. Chini yake ameandika kwa mwandiko wake wa shule ya misheni: "Mzigua anakwenda shamba. Msimwamshe, atachelewa."

Korogwe nzima ilicheka wiki ile. Nilimjibu Jumanne, akanijibu Jumatano, watu wakawa wanapita asubuhi kuangalia ubao kabla hawajanunua mkate. Ndivyo kilivyozaliwa kitabu changu cha kwanza, ingawa miaka mingi ilipita kabla ya mtu wa Dar es Salaam kukubali kuchapa mbuzi. Lakini wakati ule sikuwaza kitabu. Kulikuwa na begi kubwa na mkeka uliofungwa kamba vimeegemea ukuta wa studio, na kila siku nilipofika nilivitazama vyenyewe kwanza, na vilikuwa bado vimefungwa. Ijumaa Hiza alininong'oneza kwamba Mzee amekwisha kata tiketi ya basi la kesho hadi Morogoro, huko atapanda treni. Tulicheka wiki nzima, na bado anaondoka.

Saa saba mchana aliniita tukale kwake. Alikuwa amepika bada mwenyewe, ina madonge. Tulikaa uani, wawili, na nafasi ya Bi Nyamizi iko wazi pale kwenye kigoda karibu na jiko. Alipomaliza kunawa akasema, "Mbuzi wamesema vya kutosha. Bado wewe."

"Niseme nini, Mzee?"

"Usiniite Mzee, mimi mtani wako. Kuna mtu hujamuaga."

Nikaweka sahani chini. Safari hii nilijua kwamba nikilia nimemfukuza. Niliinuka nikaenda kukaa kwenye kigoda. Nikakunja miguu kama Bi Nyamizi alivyokuwa anaikunja, nikachukua mfuniko nikaanza kujipepea, nikaionja ile bada yake kwa ncha ya kidole, nikasonya. "We Maganga! Hii umempikia nani, fundi ujenzi?" Akashtuka, maana sauti ilikuwa ndiyo ya mkewe. "Siku arobaini hazijafika umekwisha kuniletea nyumbani kwangu udongo wa kukandika! Na shati hilo je, umelivaa na hanga yake?" Akaanza kucheka, kwanza kwa pua, kisha mabega. Mimi sikumwachia. Nilimsema vile anavyokoroma, nilimsema jinsi anavyowaambia wateja watabasamu huku yeye mwenyewe amenuna, nikamsema mpaka akashika nguzo ya jiko. Kisha nikapunguza sauti, kama alivyokuwa akiipunguza yeye mwishoni mwa ugomvi. "Eti unakwenda Tabora. Utafika stesheni na mzigo kichwani, umsalimie nani? Nani kule anajua kwamba wewe ni mbishi? Mimi nimelala hapa Masuguru, Maganga. Unaniachia nani wa kunitania?"

Alikuwa bado anacheka, na machozi yalikuwa yanashuka hadi kidevuni, hakuyafuta. Hakunitazama mimi. Alikitazama kigoda, akaongea kwa sauti ya chini ambayo mwaka mzima sikuwahi kuisikia, sauti ya chumbani kwao.

"Siendi, Nyamizi," akasema. "Siendi popote."